Nani Aliuza Umbea? Majibu kwa Wasomaji

Tangu niandike kuhusu wanawake waliotunga kwa Kiingereza kabla ya mwaka 1710, barua hazijakatika. Nyingi zinauliza yaleyale: nani alilala na nani, nani alitangulia, na kama kweli waliandika wao wenyewe. Nimechagua chache. Zilizotumwa na watu ambao hata kitabu hawajafungua nimezijibu kwa ufupi.

"Nimesoma kwamba neno la Kiingereza *gossip* zamani lilikuwa neno la dini. Ni kweli au ni porojo za mtandaoni?" (Mwalimu, Tanga)

Ni kweli, mwalimu. Katika Kiingereza cha kale lilikuwa *godsibb*, ndugu wa kwa Mungu, yaani baba au mama wa ubatizo. Mwanamume aliitwa hivyo na mwanamke aliitwa hivyo, na halikuwa na ubaya wowote. Baadaye likawaelemea wanawake walioitwa chumbani rafiki yao anapojifungua. Mlango ulifungwa, madirisha yakazibwa, mume akabaki nje, na mzazi akapikiwa kinywaji cha moto cha bia au divai yenye viungo. Wewe uliye pwani huhitaji maelezo marefu: huyo ni somo, ni shoga kwa maana ya bibi zetu, mwanamke anayetunza siri zako. Angalia pia lililolipata neno shoga lenyewe. Wanawake wamenyang'anywa, na sasa linarushwa barabarani kama tusi. *Gossip* lilipita njia hiyohiyo.

Wengi hawajui kwamba maneno ya chumba kile yalikuwa na uzito wa kisheria. Mwanamke asiye na mume aliposhikwa na uchungu, mkunga alitarajiwa kumbana amtaje baba wa mtoto, ili parokia isije ikaachiwa mzigo wa malezi. Waliosikia ndio waliokuwa mashahidi. Kwa hiyo mwanamume mwenye la kuficha alikuwa na sababu nzuri sana ya kutaka mazungumzo ya wanawake yaonekane upuuzi.

Mshairi Chaucer, mwishoni mwa karne ya 14, anampa Mke wa Bath, mhusika katika hadithi zake, rafiki wa aina hiyo, na mama yule anasema rafiki yake anaujua moyo wake na siri zake kuliko padri wa parokia. Sentensi hiyo moja inakuonyesha nani aliogopwa na kwa nini. Kufikia mwaka 1602 Samuel Rowlands anauza kijitabu cha mashairi kuhusu mjane, mke na mwanamwali wanaokunywa divai kilabuni huku wakisema ovyo. Mwaka 1626 Ben Jonson anawaketisha wanawake wanne wa namna hiyo jukwaani, waropoke katikati ya mchezo wake kuhusu biashara ya habari. Maana ya leo, ambapo neno si mtu tena bali ni maneno yenyewe, ilikuja karne ya 19. Jina la undugu likawa jina la mwanamke, kisha likawa jina la ubaya wa ulimi wake. Ukifundisha somo hili, tafadhali anza na chumba cha uzazi, usianze na kilabu cha Rowlands.

"Nani mwanamke wa kwanza kuandika kitabu kwa Kiingereza? Naomba jina moja tu." (Mwanafunzi, Dodoma)

Swali hili nimeshalijibu, na jibu halijabadilika: jina moja halipo, kwa sababu hujasema kuandika kwa namna gani. Julian wa Norwich aliona maono yake Mei 1373 akayaandika, lakini hayakupigwa chapa hadi 1670. Margery Kempe wa Lynn, mama wa watoto 14, alisimulia maisha yake waandishi wakayashika kwa kalamu. Isabella Whitney alipeleka mashairi yake kwa mpiga chapa akiwa hai, mwaka 1567 na tena 1573, na si mashairi ya dini. Chagua unayemtaka, ila usiandike kwenye mtihani kwamba ni mmoja.

Nikae kidogo kwa Margery, maana huwa anapitwa haraka. Mwaka 1417 alisimamishwa mbele ya Askofu Mkuu wa York akituhumiwa kuhubiri, jambo lililokatazwa kwa mwanamke. Akajibu kwamba hahubiri, hapandi mimbari yoyote; yeye anazungumza tu na kusema maneno mema, na ataendelea hivyo maadamu yu hai. Jibu hilo lina akili nyingi. Sheria iliwafungia wanawake mimbari, basi yeye akasimama kwenye mazungumzo, mahali ambapo hakuna aliyeweza kupafunga. Halafu tazama mpiga chapa alichomfanyia. Takribani mwaka 1501 Wynkyn de Worde alitoa kijitabu cha kurasa saba chenye jina lake. Safari zimekatwa, vilio vya hadharani vimekatwa, mabishano na maaskofu yamekatwa. Amebaki mama mpole anayemsikiliza Kristo akinena. Kwa zaidi ya miaka 400 watu walimjua Margery huyo, mpaka muswada mzima ulipoonekana mwaka 1934 katika nyumba ya familia moja ya Kiingereza.

"Naomba uniandikie insha ya kurasa tatu kuhusu Aphra Behn, inatakiwa wiki ijayo." (Hakutaja alipo)

Hapana. Soma hadithi yake *Oroonoko* ya mwaka 1688. Ni fupi, na siku mbili zinatosha.

"Je, ni kweli Aemilia Lanyer ndiye yule mwanamke mweusi wa soneti za Shakespeare?" (Nairobi, na wengine watano)

Hakuna ushahidi kwamba mshairi Lanyer ndiye yule mpenzi asiyetajwa jina anayeimbwa katika soneti hizo, na nawaomba mliache jambo hili. Mwaka 1973 mwanahistoria A. L. Rowse alitangaza kwamba amempata katika madaftari ya Simon Forman, mnajimu wa London ambaye Lanyer alimwendea mwaka 1597 kupigiwa ramli. Rowse alisoma kwamba ujanani mwanamke huyu alikuwa *brown*, yaani mwenye rangi ya kahawia. Wengine walipoutazama mwandiko wakaona ni *brave*, yaani maridadi, mwenye kujionyesha. Mumewe naye alipewa jina la William ili aingie vizuri kwenye mafumbo ya soneti yanayochezea jina Will, hali ya kuwa aliitwa Alfonso. Nadharia ikapoteza miguu yote miwili, na mwenye nayo hakuiacha.

Huyo Forman aliyetuachia habari hizo alikuwa mganga aliyemtamani mteja wake, akiandika usiku yale aliyoyasikia mchana. Ndiye anayetusimulia kwamba Lanyer aliwekwa kinyumba na Lord Hunsdon, akapata mimba, akaozwa kwa mwanamuziki ili kusitiri jambo. Huenda mengi ya hayo ni kweli. Lakini ni daftari la mwanamume anayemmezea mate mwanamke, na kwa miaka mingi limesomwa kuliko kitabu cha mwanamke mwenyewe. Angekuwa mkunga ndiye aliyeliandika, tungeliita umbea. Kwa kuwa ni la Forman, linaitwa chanzo cha kihistoria.

Kitabu chenyewe kilitoka mwaka 1611, *Salve Deus Rex Judaeorum*, kina jina lake waziwazi, na mabibi wakubwa aliowatunuku kitabu hicho ni wanawake watupu. Katikati ya mateso ya Kristo anasimama mke wa Pilato kumtetea Hawa: kama Hawa alikosa kwa kutojua, wanaume waliomsulubisha Bwana walikosa wakijua, basi hiyo haki ya kututawala mliipata wapi? Na katika neno lake kwa msomaji, Lanyer anawakemea wanawake wanaowasema vibaya wanawake wenzao. Kazi hiyo, anasema, waachiwe wanaume waovu waliosahau kwamba wamezaliwa na wanawake na kulelewa na wanawake. Mtu aliyeandika hivyo mwaka 1611 hahitaji Shakespeare ili asomwe.

"Wanawake wa wakati huo walijua kusoma kweli?" (Arusha)

Wengi kuliko takwimu zinavyoonyesha. Makadirio ya katikati ya karne ya 17 ni kwamba wanaume wapatao 30 katika 100 waliweza kutia sahihi jina lao, na wanawake wapatao 10. Ila mtoto alifundishwa kusoma kwanza, kuandika baadaye, na wasichana wengi waliondolewa masomoni kabla ya kushika kalamu. Asiyeweza kusaini huenda aliweza kusoma Biblia yake na vijitabu vya senti vilevile.

"Katika ule ugomvi wa Joseph Swetnam na wanawake, nani alishinda?" (Mhadhiri msaidizi, Dar es Salaam)

Muuza vitabu. Kwa wasioufahamu: mwaka 1615 Swetnam alitoa kijitabu cha kuwashtaki wanawake kwamba ni wavivu, wakaidi na wasio na msimamo, kikachapishwa tena na tena kwa miaka mingi. Mwaka 1617 yakatoka majibu matatu yenye majina ya wanawake. Mawili yana majina ya kubuni, Ester Sowernam na Constantia Munda, na hadi leo kuna mabishano kama walioyaandika walikuwa wanawake. La tatu ni la Rachel Speght, binti wa mchungaji, msichana ambaye hakuwa ametimiza miaka 20, naye aliweka jina lake halisi.

Tazama sasa ukurasa wa jina. Kijitabu cha Swetnam kilichapishwa kwa ajili ya Thomas Archer. Jibu la Speght pia lilichapishwa kwa ajili ya Thomas Archer. Aliuza tusi, na lilipopata soko akauza jibu la tusi. Mhadhiri mwenzangu, usiwaambie wanafunzi wako kwamba huo ulikuwa mjadala kuhusu hali ya wanawake, ukaishia hapo. Mjadala ulikuwa na mwenye duka.

Speght alilipia ushujaa wake. Watu walisema kitabu si chake, ni cha baba yake. Ilimchoma kiasi kwamba mwaka 1621, alipotoa mashairi yake, alieleza wazi kwamba anachapisha tena ili airudishe kazi yake ya kwanza mikononi mwake. Nawaomba wanaoniandikia kuuliza "waliandika wenyewe kweli?" watulie hapo kidogo. Swali lenu lina zaidi ya miaka 400, na wa kwanza kuliuliza walikuwa wasengenyaji.

"Mwana Kupona alitunga utendi wake mwaka 1858, ukanakiliwa kwa mkono na tunao. Kwa nini mwanamke wa Uingereza aliyeandika kwa mkono ahesabiwe kwamba hakuchapisha?" (Lamu)

Asante sana. Hesabu hiyo ni mbaya na umeikamata vizuri. Zaburi za Mary Sidney, Countess wa Pembroke, zilienea kwa nakala za mkono na kupendwa na washairi wakubwa wa wakati wake, ilhali zilipigwa chapa mwaka 1823. Kwa watu wa tabaka lake, hati ya mkono ndiyo iliyokuwa na heshima. Matbaa ilimwanika mtu mbele ya yeyote mwenye senti chache. Katherine Philips alipoona mashairi yake yametolewa London mwaka 1664 bila idhini yake, alifadhaika sana, toleo likaondolewa, na mwaka huohuo ndui ikamuua akiwa na umri wa miaka 32. Wapo wanaosema fadhaa ile ilikuwa adabu ya kujifanya. Mimi naamini alimaanisha. Mwandishi ana haki ya kuchagua wasomaji wake, na yeye alikuwa ameshawachagua.

"Kwa nini Mary Wroth alitaka kitabu chake kiondolewe madukani? Kilikuwa cha umbea kweli?" (Mombasa)

Hili ndilo swali lililonifanya nikae kuandika safari hii.

Mary Wroth alikuwa mpwa wa huyo Mary Sidney na wa Sir Philip Sidney. Mumewe alifariki mwaka 1614 akamwachia madeni ya pauni 23,000. Mtoto wao wa kiume akafa miaka miwili baadaye, na sehemu kubwa ya mali ikaenda kwa ndugu wa mume. Akazaa watoto wawili na binamu yake, William Herbert, Earl wa Pembroke, bila ndoa. Herbert aliendelea kupanda cheo. Mama ndiye aliyetoweka katika kasri la mfalme. Mwaka 1621 ikatoka *Urania*, hadithi ndefu ya mapenzi, wachungaji wa kondoo na wafalme, zaidi ya kurasa 500, na soneti zake nyuma. Hakuna mwanamke wa Kiingereza aliyekuwa ametoa hadithi ya aina hiyo kabla yake.

Ndani yake mna kisa kifupi cha mtu aitwaye Sirelius, mwenye baba mkwe wa hasira kali aliyetaka kumuua binti yake mwenyewe kwa tuhuma za uzinzi. Lord Edward Denny akasoma akajiona. Binti yake Honora alikuwa ameolewa na James Hay, na watu walikuwa wameshayasema ya nyumba ile. Denny akaandika shairi la matusi akamwita Wroth huntha na dubwana, akamwambia aachane na vitabu vya kipuuzi, maana wanawake wenye hekima na hadhi kumzidi hawakuandika chochote cha namna hiyo. Katika barua akamshauri amfuate shangazi yake, aandike nyimbo za Mungu.

Wroth hakunyamaza. Alilichukua shairi lile, akashika vina vyake vilevile, akamrudishia mstari kwa mstari: huntha wa akili, dubwana wa sanaa ni wewe. Wanaojua malumbano ya mashairi katika Kiswahili wataona mara moja ustadi unaotakiwa hapo. Lakini tarehe 15 Desemba 1621 alimwandikia Marquess wa Buckingham kwamba vitabu viliuzwa kinyume cha nia yake na amezuia mauzo, akaomba msaada nakala zilizotoka zirudishwe, hata ile aliyokuwa nayo Buckingham mwenyewe. Nakala nyingine ziliponea, ndiyo maana tunasoma.

Je, kilikuwa umbea? Alichukua yaliyosemwa barazani kwa watu akayavika majina ya hadithi. Philip Sidney alikuwa amejiandika mwenyewe katika soneti zake na mapenzi yake kwa mke wa mtu, akasifiwa. Na sikiliza nani waliomhukumu Wroth. John Chamberlain, katika barua ya mwaka 1623, anamlaumu kwamba anajipa uhuru wa kumchafua amtakaye. Chamberlain huyo aliandika barua kwa miaka mingi akimpelekea rafiki yake Dudley Carleton habari za nani ameoa, nani amefilisika na nani amefukuzwa kwa mfalme. Aliziokota wapi? Katika kanisa kuu la St Paul's, London, ambako wanaume walitembea kila siku ukumbini wakibadilishana habari, na nje uani ndipo palipokuwa na maduka ya vitabu. Huo ndio umbea uliokuwa na jengo, saa zake na soko lake mlangoni. Hakuna aliyewafunga hatamu. Hatamu ya chuma ya kufunga ulimi iliwekwa kwa wanawake. Kuna mchoro wake katika kitabu cha Ralph Gardiner cha mwaka 1655, mwanamke akiburutwa nayo mitaani Newcastle kama punda.

Sehemu iliyochapishwa ya *Urania* inakatika katikati ya sentensi, kwenye neno *And*. Wroth aliendelea na sehemu ya pili kwa mkono wake. Muswada huo uko Chicago, na ulingoja hadi mwaka 1999 kuchapishwa.

"Kulikuwa na wanawake wapiga chapa, au walikuwa waandishi tu?" (Kampala)

Walikuwapo, hasa wajane, maana desturi ya chama cha wapiga chapa wa London ilimruhusu mjane kuendesha kiwanda cha marehemu. Elizabeth Pickering alitoa vitabu kwa jina lake Fleet Street mwaka 1540 na 1541, vingi vya sheria. Chini kabisa walikuwapo wanawake waliobeba magazeti ya vita vya miaka ya 1640 wakiyauza mitaani. Amri ya Bunge ya mwaka 1647 iliagiza wachuuzi na waimbaji wa mitaani wanyang'anywe mali na kuchapwa viboko. Mwandishi mwenye elimu aliweza kujificha nyuma ya jina bandia. Mwanamke mwenye kikapu alionekana na kila mtu.

"Unawatetea sana. Mbona Delarivier Manley aliuza umbea mtupu?" (Zanzibar)

Aliuza, na aliufanya silaha ya siasa. *The New Atalantis* ya mwaka 1709 iliwaanika wakubwa wa chama cha Whig kwa majina ya kubuni, Duchess wa Marlborough akiwa miongoni mwao. Wachapishaji wake wakakamatwa, naye akajitokeza. Alipohojiwa habari zile alizipata kwa nani, alishikilia kwamba ni ubunifu wake tu, hakumtaja mtu. Alikaa kizuizini siku kadhaa, na Februari 1710 akaachiwa huru. Mwaka 1711 alimrithi Jonathan Swift katika kuhariri gazeti la *Examiner*. Sisemi kila alichoandika kilikuwa cha haki, wengine aliwaonea. Nasema Swift alifanya kazi hiyohiyo kwenye gazeti hilohilo, na hakuna aliyewahi kuniandikia kumwita mmbea.

"Sina muda mwingi. Nianze na nani?" (Mbeya)

Isabella Whitney, na uanze na wosia wake kwa jiji la London wa mwaka 1573. Ni mtumishi wa nyumbani aliyepoteza kazi, hana fedha, inambidi aondoke mjini. Anaandika wosia kana kwamba anakufa, akiligawia London vitu ambavyo tayari ni vya London: mikate, nyama, vitambaa vya Cheapside, magereza, vichaa wa hospitali ya Bedlam. Jiji halijawahi kumkopesha hata senti, lakini yeye analiachia kila kitu. Wajalidi wa St Paul's wanapata fungu lao kwa kuwa anapenda sanaa yao. Mpiga chapa wake, Richard Jones, naye hakusahauliwa: anawaagiza rafiki zake waende wakanunue vitabu hivi kwake.